Wa thelathini kati ya thelathini: kisa cha Akwasi Frimpong

Karatasi ya matokeo ya skeletoni wanaume (mchezo wa kuteremka kwenye barafu ukiwa umelala juu ya chombo kidogo cha chuma), Olimpiki ya Majira ya Baridi ya PyeongChang, Februari 2018, ina majina thelathini. La kwanza ni la Yun Sung-bin wa Korea Kusini. La thelathini ni la Akwasi Frimpong wa Ghana. Nilichapisha karatasi hiyo steshenari moja pale Mwanga, nikaikunja mara nne, na sasa inakaa kwenye mkoba wangu pamoja na filimbi na saa ya kupimia. Ubishi ulioanzia Kibirizi, mwaloni wanakoshushia samaki, ndio ulionifanya niibebe, na ndio ulionifanya nikichambue kisa cha Mghana huyu kipande kwa kipande.

Nawafundisha vijana mbio fupi hapa Kigoma. Katika mashindano ya mkoa yaliyopita nilimwingiza kijana mmoja kutoka shule ya kijiji cha kaskazini, kule ambako milima inashuka moja kwa moja mpaka majini na uwanja tambarare ni wa kutafuta. Kwenye barabara iliyonyooka kijana yule anawaacha wenzake wa mjini. Nikampa mita 200. Akawa wa mwisho, tena kwa mbali. Kesho yake nikaenda Kibirizi kumwona baba yake, nikamkuta anapanga migebuka kwenye sanduku, tabaka la samaki, tabaka la barafu.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, Mwalimu. Karibu." Hakuacha kazi. "Mimi michezo sikatai. Ila mtoto amekuwa wa mwisho, wa mwisho kabisa, na watu wameona. Nafasi ile si ungempa mwenye uwezo wake?"

Jibu la haraka sikuwa nalo. Nikamweleza habari za Frimpong, labda kwa sababu ya ile barafu iliyokuwa mbele yetu. Mzee alisikiliza mpaka mwisho, akafunika sanduku, akauliza: "Sasa huyo, nafasi aliyopewa haikupotea?"

Hilo ndilo swali la kisa hiki, na nitalijibu kwa kirefu kuliko nilivyoweza siku ile.

Mchezo wenyewe

Skeletoni ni mchezo wa kuteleza kwa sleji ndogo ya chuma kwenye mfereji wa barafu unaoteremka mlima kwa kona nyingi. Mchezaji anakimbia ameinama, ameshika sleji kwa mkono, anaisukuma mita kadhaa, kisha anajitupa juu yake kifudifudi, kichwa mbele. Kidevu chake kiko sentimita chache tu juu ya barafu. Sleji haina usukani wala breki. Anaiongoza kwa kubonyeza bega upande mmoja, goti upande mwingine, na mara chache kwa kugusisha ncha ya kiatu. Mwendo unaweza kufika kilomita 130 kwa saa, na ndani ya kona kali mwili unabanwa kwa uzito mara nne ya ule wa kawaida au zaidi.

Sisi tuliokulia kwenye miteremko ya Kigoma tunaujua mchezo huu kwa sura nyingine. Mvua zikishaloanisha udongo mwekundu, tulikata ganda la mgomba, tukalala juu yake, tukashuka. Aliyeteremka mara nyingi alijua jiwe lilipo na mzizi ulipo. Mgeni, hata awe na nguvu namna gani, aliishia kwenye mihogo ya watu. Nataka msomaji akumbuke mzizi ule na jiwe lile, maana nitarudi kwao.

Mchezo ulikomaa St. Moritz, Uswisi, na uliingia Olimpiki ya 1928 na ile ya 1948, zote zilizofanyika mji huohuo. Kisha ukaachwa kwa zaidi ya nusu karne, mpaka Salt Lake City 2002. Mzee wa Kibirizi alipouliza kwa nini watu hawapashi moto vile vyuma vya chini ya sleji vinavyogusa barafu, nilifurahi sana. Yeye anajua kwa mikono yake kwamba pande la barafu likianza kutoa maji juu ndipo linapoponyoka. Waamuzi nao wanajua. Kabla ya mbio wanapima joto la vyuma vya kila sleji na kulilinganisha na la chuma cha kielelezo kilichoachwa hewani, na anayezidisha anatolewa. Uzito nao una kikomo: mwaka 2018 mchezaji mwanamume na sleji yake kwa pamoja walitakiwa wasizidi kilo 115, au, kama wanazidi, sleji peke yake isizidi kilo 33.

Alifikaje pale

Frimpong alizaliwa Kumasi, Ghana, mwaka 1986, akalelewa na bibi yake. Akiwa na umri wa miaka minane alipelekwa Uholanzi, na kwa miaka mingi aliishi huko bila karatasi za ukaaji. Alikimbia. Mwaka 2003 alikuwa bingwa wa vijana wa Uholanzi wa mita 200, mbio zilezile za kijana wangu. Ila mtu asiye na karatasi haendi kuiwakilisha nchi nje ya mipaka, hata awe na kasi ya swala. Baadaye mambo ya karatasi yalinyooka, akapata nafasi ya kusoma na kukimbia Utah, Marekani. Alitamani Olimpiki ya London 2012, majeraha yakamzuia. Alijaribu kuingia timu ya Uholanzi ya bobsledi, ile sleji kubwa ya watu wawili au wanne, kwa ajili ya Sochi 2014. Hapo pia hakufika. Akabaki kuuza mashine za kufyonza vumbi nyumba kwa nyumba, na inajulikana kwamba mkewe ndiye aliyemwambia asije kuwa mzee mwenye umri wa miaka tisini na tisa anayejuta ndoto aliyoiacha.

Aliingia skeletoni karibu 2016, kwa bendera ya Ghana. Miaka miwili baadaye, akiwa ametimiza miaka 32, alikuwa PyeongChang. Helmeti yake ilichorwa sungura anayetoka kinywani mwa simba. Nilipoiona mara ya kwanza nilicheka kwa furaha, kwa sababu sungura huyo hakuna mtoto wa kwetu asiyemjua. Ni yule mdogo, asiye na meno wala kucha, ambaye kila hadithi humweka mbele ya simba.

Wengi huishia hapa wanaposimulia habari zake: mtoto wa bibi, mhamiaji, muuza mashine, mwanaolimpiki. Ni habari tamu. Lakini kwa kocha haitoshi, kwa sababu haielezi kwa nini alikuwa wa thelathini. Moyo anao, hilo halina ubishi. Miguu anayo, alikuwa bingwa wa vijana. Kilichopungua ni nini?

Hesabu ya kona

Njia ya PyeongChang ina kona kumi na sita. Kukimbia kwa miguu ni mwanzoni tu, sekunde tano hivi. Baada ya hapo mchezaji hana cha kukimbilia. Analala, na kinachobaki ni kuiongoza sleji kupitia kona kumi na sita kwa muda usiofika dakika moja. Miguu ya bingwa wa mita 200 inamsaidia kwa sehemu ndogo ya safari, na sehemu kubwa inabaki kwa kitu kingine kabisa.

Kitu hicho kinapatikana kwa kuteleza tu. Na hapa ndipo pana hesabu ambayo ningependa kila anayemcheka wa mwisho aifanye. Mchezo huu unautikisa mwili na kichwa kiasi kwamba kwa kawaida mtu hateremki zaidi ya mara mbili au tatu kwa siku ya mazoezi. Kila safari ni kama dakika moja. Chukua mtu mwenye bidii, anayeteremka mara tatu kila siku kwa siku mia moja. Amekaa barafuni dakika mia tatu, yaani saa tano. Siku mia moja za safari, hoteli, gharama za sleji zinazofika maelfu ya dola, na mavuno yake ni saa tano za mazoezi halisi. Kijana wangu anakimbia saa tano kwa wiki moja, bure, kwenye vumbi.

Tena zile saa tano zinagawanywa. Njia rasmi za barafu duniani kote hazifiki ishirini, Afrika haina hata moja, na kila njia ina kona zake. Aliyezoea ya Lake Placid, Marekani, hajaizoea ya Altenberg, Ujerumani. Anajifunza upya jiwe lilipo na mzizi ulipo.

Sasa mtazame aliyekuwa juu ya karatasi. Watu husahau kwamba Yun Sung-bin naye hakutoka kwenye nchi ya skeletoni. Mwaka 2012 alikuwa mwanafunzi wa sekondari asiyeujua mchezo huo hata kidogo, akachaguliwa kwa sababu ya nguvu zake za kuruka na kukimbia. Sochi 2014 akawa wa kumi na sita. Miaka minne baadaye alishinda kwa tofauti ya sekunde 1.63, pengo ambalo halijawahi kuonekana katika skeletoni ya Olimpiki. Kupima ukubwa wake, tazama nyuma yake: Nikita Tregubov aliyepata fedha na Dom Parsons wa Uingereza aliyepata shaba walitofautiana kwa sekunde 0.02, baada ya safari nne. Ndiyo, Yun ana kipaji cha ajabu. Lakini pia Korea Kusini ilipewa Olimpiki, ikajenga njia ya barafu, ikaajiri makocha, na mwenyeji wa njia huiteremka mara nyingi kuliko mgeni yeyote. Mtu huyu alianza bila kitu, kama Frimpong, kisha nchi yake ikamletea kona mlangoni.

Mfano wa pili ni Martins Dukurs wa Latvia. Baba yake alikuwa msimamizi wa njia ya barafu ya Sigulda. Mtoto kama huyo ni sawa na wale wa mwaloni Kibirizi ambao hakuna anayekumbuka siku walipojifunza kuogelea. Dukurs alitwaa taji la Kombe la Dunia misimu minane mfululizo. Na bado dhahabu ya Olimpiki hakuipata: fedha Vancouver 2010 kwa kupitwa sekunde 0.07 tu, fedha tena Sochi, na PyeongChang akawa wa nne. Ikiwa mtu aliyekulia kwenye barafu anaweza kuikosa dhahabu maisha yake yote kwa upana wa kope, mtu wa miaka miwili kuwa wa thelathini si aibu wala si ajabu. Ni hesabu tu imetoka sawasawa.

Wa tatu ni Nathan Crumpton. Huyu alizaliwa Nairobi, kwa wazazi Wamarekani, akateleza kwa miaka mingi akiwa katika timu ya Marekani kabla ya kubeba bendera ya visiwa vidogo vya Samoa ya Marekani. Visiwa hivyo havina barafu, kama vile Ghana. Beijing 2022 alikuwa wa kumi na tisa. Bendera ya nchi ya joto haikumpunguzia kitu, kwa sababu saa za barafuni alikuwa nazo tayari.

Kwa hiyo jibu langu la kwanza kwa mzee ni hili: nafasi ya thelathini ilipima saa, haikumpima mtu. Sheria yenyewe ilimpunguzia Frimpong hata saa hizo, kwani baada ya safari ya tatu ni ishirini wa kwanza tu walioruhusiwa kuteremka ya nne. Alishuka mara tatu, akamaliza salama zote tatu, akasimama akacheza mbele ya kamera. Wapo waliochukizwa na kucheza kule. Mimi nilikuelewa. Aliyefika chini akiwa mzima, kwenye mfereji ule, ana haki ya kufurahi.

Upande wa pili

Haki ni kusema pia ya wanaopinga, na hoja yao si nyepesi. Tarehe 12 Februari 2010, saa chache kabla ya ufunguzi wa Olimpiki ya Vancouver, Nodar Kumaritashvili wa Georgia alikufa katika mazoezi kwenye njia ya Whistler. Mchezo wake ulikuwa luji, ile ya kulala chali miguu mbele, lakini mfereji ni uleule wa skeletoni. Alikuwa na miaka 21. Mtu akisema kwamba asiye na uzoefu asipewe nafasi kwa kuonewa huruma, anazungumza kuhusu maisha. Mimi ninayewapanga watoto wa watu kwenye mstari wa kuanzia siwezi kuipuuza hoja hiyo.

Lakini huruma haikuwa kigezo. Frimpong aliingia kwa nafasi ya bara, iliyowekwa ili kila bara liweze kuwa na mtu, na hata nafasi hiyo ilidai kwanza mtu ashindane katika mbio kadhaa za kimataifa, kwenye njia zaidi ya moja, na kuzimaliza. Hakutolewa Utah akatupwa mferejini. Kizingiti kilikuwepo, akakivuka.

Kinachoniuma ni kilichofuata. Kwa Beijing 2022 wanaume walipunguzwa kutoka 30 hadi 25 na wanawake wakaongezwa kutoka 20 hadi 25. Usawa huo nauunga mkono kwa moyo wote. Nina wasichana katika kikundi changu na najua wanavyosubiri zamu. Ila wakati huohuo nafasi ya bara iliondolewa. Hapo waliopanga walichanganya mambo mawili. Kugawa viti sawa kati ya wanaume na wanawake hakukulazimu kumfungia nje anayetoka bara lisilo na njia hata moja. Frimpong alipaza sauti kuhusu hilo, na aliendelea kutafuta pointi kama wengine wote. Kisha mwishoni mwa msimu wa kufuzu akapimwa, akakutwa na UVIKO-19, akakosa mbio zake za mwisho. Beijing hakwenda.

Hapa ndipo nasema jambo ambalo huenda mzee wa Kibirizi hakulitarajia. Ikiwa kuna kitu kilipotea, kilipotea baada ya PyeongChang, si PyeongChang. Mtu alishalipia ada ya kwanza, ile iliyo ghali kuliko zote, ya kuwa wa mwisho mbele ya dunia. Angerudi na saa zaidi. Philip Boit, jirani yetu wa Kenya, mkimbiaji wa mita 800 aliyejifunza kuteleza kwa ski, alikuwa wa 92 na wa mwisho katika kilomita 10 za Nagano 1998, na bingwa Bjørn Dæhlie akamsubiri mstarini amkumbatie. Picha hiyo kila mtu anaijua. Kisichosemwa sana ni kwamba Boit alirudi Olimpiki ya 2002 na ya 2006. Nagano ilimpa mwanzo wa kuhesabia. Mpaka leo Tanzania haina hata mwanzo huo katika michezo ya baridi, na sioni aibu kulisema, maana njia ya barafu hatujawahi kuwa nayo.

Kurudi mwaloni

Kuna kitu nilichokificha kwa mzee siku ya kwanza, si kwa hila, ila nilikuwa sijakitambua. Nilikitambua nilipokuwa nikiipanga hesabu ya Frimpong. Mita 200 huanzia kwenye kona. Wakimbiaji hawasimami mstari mmoja. Wa njia ya nje huwekwa mbele ili umbali ulingane. Kijana wangu alipangiwa njia ya nane. Alipoona wenzake wote wako nyuma yake alidhani amependelewa. Bunduki ilipolia alikimbia kama anavyokimbia barabarani, amenyooka, kona ikamtupa nje. Akakanyaga chaki, akashtuka, akapunguza mwendo, akatazama nyuma. Kila kitu alikipoteza katika mita mia za kwanza. Mita mia za mwisho, zilizonyooka, nilipoipima video kwenye simu, alikuwa wa pili.

Hajawahi kukimbia kwenye kona maishani mwake. Kijijini kwao hakuna mahali pa kuichora. Mimi mwalimu ndiye niliyempeleka mkoani bila kumpitisha kwenye kona hata mara moja, nikaiacha karatasi ya matokeo imseme yeye. Kosa hilo ni langu.

Nilirudi Kibirizi na video ile. Mzee alifuta mikono, akashika simu, akaitazama mara mbili. Sehemu ya kona aliitazama mara tatu.

"Kumbe pale," akasema.

"Pale, mzee."

"Na hiyo kona inafundishika?"

"Inafundishika. Nahitaji awe mjini Jumamosi, saa kumi na mbili asubuhi, kabla jua halijakaza."

"Nauli ya boti ni juu yangu," akasema. "Uji ni juu yako, Mwalimu."

Jumamosi ile nilichora kona kwa chaki, njia ya nane tu, nikamwambia alaze bega la kushoto kidogo na asitazame nyuma. Alipita mara nane. Mara ya kwanza alikanyaga chaki tatu. Mara ya nane hakukanyaga hata moja, na nikauandika muda wake nyuma ya karatasi ile ya PyeongChang, kwa kuwa ndiyo iliyokuwa karibu.